Kuhuisha leseni ya bastola kupitia eCitizen nikiwa Mombasa: nianze wapi?

Mkaazi_Tudor aliuliza:

Assalaam alaykum, na wengine hamjambo.

Bastola ni ya 9mm, cheti kipo, kadi ile ya kielektroniki, na tarehe yake inaisha mwisho wa mwezi ujao. Nataka kuhuisha kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali ya Kenya, badala ya kuzunguka na makaratasi. Nimeshasoma maelezo ya jumla, kwa hivyo naomba majibu ya wanaoijua kazi hii.

Kuna mambo manne yananitatiza. Kitambulisho kinasema "Mohamed", kadi ya silaha inasema "Mohammed". Laini ya simu iliyosajiliwa eCitizen imepotea. Bastola imeanza kuota madoa ya kutu karibu na nambari, si unajua hewa ya huku. Na kubwa zaidi: tarehe ikipita kabla sijajibiwa, risiti ya malipo inatosha kunikinga, au silaha niiweke wapi?

Shukran.

---

Karani_MwembeTayari:

Waalaykum salaam ndugu. Ombi lenyewe hujazwa kwa muda wa kahawa moja. Kinachokula wiki ni vyeti vya kuambatisha, kwa hivyo anza na hivyo, ombi baadaye.

Lakini kabla ya vyote, akaunti. Laini iliyopotea ni tatizo kubwa kuliko jina. eCitizen hutuma nambari ya mara moja kwenye simu unapoingia, na laini ikiwa imekufa au iko kwa mtu mwingine, mlango umefungwa. Kama ilisajiliwa kwa jina lako, nenda duka la kampuni ya simu na kitambulisho uirudishe. Nambari inabaki ile ile na huna haja ya kubadilisha kitu kwingine. Kama haikuwa kwa jina lako, jaribu kurejesha akaunti kwa barua pepe, na ukishaingia tu, badilisha nambari kwenye wasifu wako kabla hujagusa jambo jingine. Barua pepe nayo ikiwa imepotea, chukua kitambulisho halisi uende Huduma Centre (kituo cha huduma za serikali) pale GPO, posta kuu, barabara ya Digo. Usijaribu kufungua akaunti ya pili. Akaunti imefungwa na nambari ya kitambulisho na mfumo utakukatalia.

Mwenye Maisha kadi, kile kitambulisho kipya, aangalie hapa: nambari ya kitambulisho haikubadilika, iliyo ngeni ni nambari ya kadi. Watu huchukua ile ngeni wakaiandika kwenye nafasi ya kitambulisho, kisha wakaudhika kwamba serikali haiwajui.

Sasa cheti cha mwenendo mwema. Ndani ya eCitizen ingia huduma za DCI (idara ya upelelezi), jaza, chagua mahali utakapochukuliwa alama za vidole, lipa shilingi 1,050 (elfu ni ya cheti, hamsini ni ada ya mtandao). Utapata invoisi na fomu ya C24, ile ya alama za vidole. Hapa ndipo saiba nyingi (maduka ya intaneti) huharibu: C24 huchapishwa mbele na nyuma kwenye karatasi moja. Ukienda na karatasi mbili zilizobanwa kwa stepla utarudishwa ukachapishe tena. Chukua kitambulisho halisi na nakala yake, invoisi, na C24. Ukishachukuliwa alama, cheti hutokea kwenye akaunti yako ile ile, unakipakua. Hakuna dirisha la kwenda kukidai.

Alama zenyewe zina adabu yake. Osha mikono kwa sabuni ya kawaida na ukaushe, usipake mafuta wala losheni siku hiyo. Mwenye vidole vilivyolika kwa saruji au kwa kazi ya bandarini apumzishe mikono siku chache kwanza, maana mistari ikiwa imefutika, alama hukataliwa huko mbele na hutajua mpaka uone hali ya ombi imesimama mahali pamoja. Waliotia hina nzito au piko vidoleni nao wangoje ipauke, hasa pale wanapotumia mashine badala ya wino.

Ripoti ya daktari juu ya afya ya akili ndiyo ya pili kwa kuchelewesha. Kwa Mombasa watu huenda Port Reitz au Makadara, yaani Coast General. Usiridhike na karatasi iliyoandikwa "yuko sawa". Iwe na jina lako kama lilivyo kwenye kitambulisho, nambari ya kitambulisho, tarehe, jina la daktari na nambari yake ya usajili katika baraza la madaktari, sahihi na muhuri. Muhuri uliofifia ukiskaniwa unakuwa doa jeusi tu, kwa hivyo uangalie ukiwa bado hapo hospitalini uombe upigwe tena.

Ukiombwa cheti cha kutii kodi, kinatolewa bure kwenye iTax, mtandao wa mamlaka ya kodi, lakini kitakataliwa kama una mwaka ambao hukuwasilisha ritani (taarifa ya mapato), hata kama hukuwa na mapato. Mwisho wa ritani za mtu binafsi ni 30 Juni, na ukichelewa kuna faini inayopaswa kumalizwa kwanza. Hilo huwakamata wafanyabiashara wengi ambao hawakuwa na wasiwasi wowote na bastola yao.

Vyote vikiwa tayari, ndipo uingie eCitizen utafute Firearms Licensing Board (bodi ya leseni za silaha) kwenye orodha ya mashirika, uchague kuhuisha. Angalia sana usichague ombi jipya. Ukifungua ombi jipya kwa silaha ambayo tayari iko kwenye rekodi, umejitengenezea faili mbili zinazogombana. Kabla ya kujaza, teremka mpaka chini usome orodha ya viambatisho na kikomo cha ukubwa wa faili, maana orodha iliyo mbele yako siku hiyo ndiyo inayofuatwa, si ile aliyokutumia binamu yako.

Kuskani: kila hati PDF yake, dpi 150 hadi 200 inatosha, kijivu badala ya rangi isipokuwa picha na kadi. Kadi ya silaha skani pande zote mbili kwenye ukurasa mmoja. Picha za simu zilizopigwa juu ya kitanda, shuka la maua linaonekana pembeni, zitapita mfumo lakini hazitampita anayesoma. Majina ya faili yawe mafupi bila alama za ajabu: "kitambulisho.pdf", "daktari.pdf".

Malipo ni kwa M-Pesa, paybill 222222, akaunti ni nambari ya invoisi. Kiasi ni kile kilichoandikwa kwenye invoisi yako, usiende na bei ya kuambiwa.

---

Wakili_Mvita:

Karani amesema vizuri. Mimi nishike upande wa sheria, kwa kuwa hapo ndipo kosa huwa la jela.

Sheria ya Silaha, Sura ya 114, inasema mtu asiwe na silaha wala risasi isipokuwa ana cheti kinachofanya kazi wakati huo. "Wakati huo" ndiyo kiini. Cheti hudumu mwaka mmoja tangu kilipotolewa au kuhuishwa mara ya mwisho. Kikishapita tarehe, bastola ile ile, kwenye sefu ile ile, inakuwa silaha isiyo na cheti. Haijalishi umeimiliki miaka mingapi bila doa.

Kwa hivyo, bwana Mkaazi, risiti ya malipo haikukingi. Inaonyesha kwamba umeomba, na inaweza kukusaidia kueleza nia yako mbele ya hakimu, lakini bodi haijasema ndiyo. Bodi ina haki ya kukataa, na hata ya kufuta cheti kilichokwisha kutolewa. Hali ya "limewasilishwa" kwenye skrini si idhini.

Ukiona tarehe inakaribia na jibu halijaja, ipeleke silaha na risasi zote kituo cha polisi zikahifadhiwe kabla ya siku ya mwisho. Ukiipeleka baada ya siku ya mwisho, utakuwa unatembea barabarani na silaha isiyo na cheti ukielekea mikononi mwa polisi. Piga simu kwa OCS (mkuu wa kituo) kwanza, mweleze, akuambie saa na ofisa wa kukupokea. Fika na kadi, kitambulisho na uthibitisho wa ombi. Hakikisha imeandikwa kwenye OB, kitabu cha matukio cha kituo: aina ya silaha, kampuni iliyoitengeneza, nambari, idadi ya magazini (visanduku vya kupakia risasi) na idadi ya risasi zilizohesabiwa mbele yako. Chukua nambari ya OB na jina na cheo cha aliyepokea. OB iliyoandikwa "bastola moja imepokewa" haina thamani siku utakapokwenda kuichukua.

Muuzaji mwenye leseni ya silaha pia huweza kukuhifadhia, kwa ada na kwa hati. Ndugu yako, mkeo, mlinzi wa nyumba, hapana. Hata kama naye ana bastola na cheti chake, cheti chake kinataja silaha yake, hakitaji yako.

Risasi: cheti kinaweka kiwango. Kuzidi kiwango ni kosa hata kama bastola yenyewe iko halali. Kabla ya kujaza fomu, hesabu zote: zilizo kwenye magazini, kwenye boksi, na zile za zamani zilizosahaulika kwenye droo. Idadi unayoandika iwe ndiyo iliyopo.

Juu ya jina. eCitizen huchota jina lako kutoka rekodi ya kitambulisho, huwezi kuligusa, na cheti cha mwenendo mwema kitatoka na jina hilo hilo. Kwa hivyo kinachopaswa kusahihishwa ni kadi ya silaha. Apa kiapo mbele ya kamishna wa viapo kwamba Mohamed na Mohammed ni mtu mmoja, taja nambari ya kitambulisho na nambari ya cheti cha silaha, ambatisha nakala za vyote viwili, kisha upakie hati hiyo pamoja na ombi na barua fupi ya kuomba rekodi irekebishwe. Ofisi nyingi za mawakili karibu na mahakama za Mombasa hufanya kazi hiyo siku hiyo hiyo. Huhitaji hati ya kubadilisha jina. Hiyo ni ya mtu anayeacha jina moja kuchukua jingine. Wako ni mzozo wa herufi, na hapa Pwani huo tunao sote, kuanzia Muhammad mpaka Fatma na Fatuma.

Jambo la mwisho kwa wenye vyeti vya silaha vya kijitabu, vile vya zamani. Desemba 2018 serikali, chini ya Fred Matiang'i, waziri wa usalama wa ndani wakati huo, iliagiza kila raia mwenye silaha akaguliwe upya, na hapo ndipo rekodi zikaingizwa kwenye mfumo mpya. Ambaye hakujitokeza asitafute kuhuisha mtandaoni. Tatizo lake si la mtandao. Aonane na wakili kabla ya kubeba silaha kwenda popote.

---

Fundi_Kaskazi:

Naingia kwenye kutu na nambari, maana hapo mnapapita haraka.

Yakhe Mkaazi, usiguse nambari na msasa. Usipake rangi, usiichonge upya, usimpe fundi wa mlango aikoleze. Nambari iliyochezewa ni kesi nyingine kabisa, na mkaguzi haambiwi kwamba ulikuwa unasafisha kutu. Pamba, mafuta mepesi ya bunduki, mswaki laini wa nailoni, basi. Paka, acha saa kadhaa, futa, rudia. Kutu ya juu huondoka. Kama imeshakula chuma na tarakimu hazisomeki, acha kama ilivyo, piga picha, eleza kwenye ombi kabla hujaulizwa.

Nambari haiko mahali pamoja. Kwenye Glock iko kwenye kibati kidogo chini ya fremu mbele ya kinga ya triga, iko kwenye slaidi (kipande cha juu kinachoteleza), na iko kwenye mtutu ambapo unaiona kupitia dirisha la kutolea ganda. Kwenye Ceska, ile CZ 75 na ndugu zake, angalia fremu, slaidi na mtutu. Zote zinapaswa kufanana. Zisipofanana maana yake kuna sehemu imebadilishwa, na ukibadilisha mtutu umebadilisha alama ambazo bastola huacha kwenye risasi, yaani zile ambazo wachunguzi hulinganisha. Mtutu mpya ni jambo la kuombea ruhusa kabla, sio la kuelezea baadaye.

Unapoinakili nambari, soma kwa mwanga wa pembeni, tochi ilale karibu na chuma, si kutoka juu. O na 0, 8 na B, 5 na S, 1 na I: hizi ndizo zinazorudisha fomu. Linganisha na kadi ya sasa herufi kwa herufi. Ikiwa kadi ndiyo iliyokosea tangu mwanzo, usiendeleze kosa ili fomu ipite, na usisahihishe kimyakimya pia. Andika ilivyo kwenye chuma na uweke maelezo.

Kwa nini inaota kutu? Wengi hapa huiacha kwenye mfuko wa ngozi ndani ya sefu. Ngozi hunyonya unyevu na jasho, na chumvi ya jasho inakaa palepale inapogusana na chuma. Sponji ya kwenye boksi ni hivyo hivyo. Mfuko wa ngozi ni wa kubebea tu. Ndani ya sefu bastola ilale juu ya kitambaa kikavu chenye mafuta kidogo, na vipakiti vya silika jeli ambavyo unavibadilisha au kuvikausha vikishalowa. Vile vyenye rangi hukuonyesha vyenyewe. Sefu isiegemee ukuta wa nje, hasa nyumba za Mji wa Kale zenye kuta za matumbawe, ukuta ule hupumua maji msimu wote wa masika. Kila wiki mbili itoe, ifute.

Mafuta yawe kidogo. Wanaodhani wingi ndio usalama huyamwaga mpaka kwenye njia ya pini inayogonga risasi, yanashika vumbi, pini inakuwa nzito. Na mafuta ya kupuliza yasiguse risasi kabisa, yakipenya kwenye kiberiti cha risasi inakataa kulia. Risasi zilizoota ukijani usizisugue wala usizitumie, zitenge uzipeleke kwa muuzaji mwenye leseni au polisi, na uzihesabu kwenye ile idadi ya Wakili.

Kuondoa risasi kabla ya kwenda kukaguliwa: elekeza mtutu mahali salama, kidole nje ya triga. Toa magazini KWANZA. Kisha vuta slaidi nyuma, itoe risasi iliyo kwenye chumba cha risasi nyuma ya mtutu, izuie slaidi ibaki nyuma chumba kikiwa wazi, kiangalie kwa macho na ukiguse kwa kidole kidogo. Wanaovuta slaidi magazini ikiwa bado ndani huona risasi moja imeruka, wakaridhika, na hawajui slaidi ikirudi imepandisha nyingine. Fanya hivi nyumbani, mbali na watu. Bastola isafiri kwenye boksi lililofungwa, risasi kwenye kifurushi chao. Ukifika kituoni usiifungue mezani, mwambie ofisa unayo na umwachie yeye aseme ifunguliwe wapi.

---

Mkaazi_Tudor:

Allah awalipe. Laini nitairudisha kesho, na mfuko wa ngozi, kweli, ndimo inamolala. Maswali mawili yaliyobaki. Kwanza, nikilipa kwa M-Pesa pesa zikatoka na invoisi ikabaki haijalipwa, nalipa tena? Pili, nikiitwa Nairobi kuionyesha bastola, nisafiri nayo vipi?

---

Karani_MwembeTayari:

Usilipe tena. Kwanza soma ujumbe wa M-Pesa, si salio peke yake. Kama hakuna ujumbe wenye nambari ya muamala, pengine pesa hazikutoka. Huenda kile kidirisha cha PIN kilikwisha muda tu, na ukihakikisha salio halikupungua unaweza kurudia. Kama ujumbe upo, linganisha akaunti iliyoandikwa ndani yake na nambari ya invoisi. Zikifanana, subiri kidogo kisha urudi kwenye invoisi uthibitishe malipo kwa nambari ya muamala. Zisipofanana umelipia invoisi nyingine, pengine ile ya mwanzo uliyoiacha nusu ukaanzisha ombi jingine. Hilo hutokea kwa sababu kila ukianza upya mfumo hutoa invoisi mpya, na simu bado imekumbuka ile ya zamani. Invoisi zisizotumika zifute au zipuuze, fanya kazi na moja.

Hakuna pesa zinazotumwa kwa nambari ya mtu binafsi. Hakuna "ada ya kuharakisha faili". Anayekuambia hivyo hata kama anajua jina lako na nambari ya ombi, mkatie simu.

---

Wakili_Mvita:

Usisafiri nayo mpaka uwe na mwito wa maandishi unaosema uje na silaha. Mara nyingi mtu huitwa yeye na hati zake, bastola ikabaki sefuni.

Ukiitwa nayo: kwa ndege hairuhusiwi kuwa nawe ndani wanapokaa abiria. Piga simu kwa shirika la ndege kabla, fika uwanja wa ndege wa Moi International mapema, itangaze kwenye kaunta na kwa polisi wa uwanja kabla ya mashine ya kwanza ya ukaguzi, ikiwa haina risasi ndani, kwenye boksi gumu lililofungwa. Kwa treni, stesheni ya Miritini, jitambulishe kwa polisi mlangoni kabla hujaweka mizigo kwenye mstari wa kunuswa na mbwa, na kama stesheni itasema ikabidhiwe, ikabidhi kwa hati. Basi la usiku sikushauri hata kidogo. Ukilala, huna udhibiti, na sheria inataka uwe nao. Likoni nako, ukivuka feri na boksi hilo, mwambie mlinzi kabla hajaliona mwenyewe.

Na safari yoyote ifanyike cheti kikiwa hai.

---

Bint_Kisauni:

Samahani naingilia. Mzee alifariki, bastola iko kabatini na cheti kilikuwa kwa jina lake. Watoto wanasema tuhuishe kwa akaunti yake ya eCitizen kwa kuwa simu yake tunayo, kisha tuuze. Inafaa?

---

Wakili_Mvita:

Pole sana dada, Mungu amrehemu.

Haifai. Cheti ni cha mtu, hakirithiwi pamoja na nyumba, na kuingia akaunti ya marehemu kujaza ombi kwa jina lake ni kosa jingine juu ya lile. Msiiguse, msiihamishe, watoto wasiibebe kwenda kituoni. Fungeni kabati au chumba, ufunguo ushikwe na mtu mzima mmoja. Pigeni simu kituo cha polisi kilicho karibu leo, waje wenyewe kuichukua, na muwe na kibali cha mazishi au cheti cha kifo, kitambulisho cha marehemu na kadi ya silaha. Takeni OB kwa ukamilifu kama nilivyoandika hapo juu. Ikiwa mmoja wa warithi anaitaka, ataomba cheti chake mwenyewe kuanzia mwanzo, na silaha itabaki kwa polisi au kwa muuzaji mwenye leseni mpaka ajibiwe. Ikiwa hakuna anayeitaka, muuzaji mwenye leseni anaweza kuinunua kwa idhini, na pesa ziingie kwenye mirathi.

---

Fundi_Kaskazi:

Dada, na kabla polisi hawajafika, msijaribu kutoa magazini "ili iwe salama". Mwambieni ofisa kwenye simu kwamba hamjui kama ina risasi.

---

Saiba_Bondeni:

Naongeza upande wa mashine tu. Ombi hili msilifanye saiba kama mnaweza kulifanya kwenye simu yenu. Fomu ina jina lako, mtaa wako, na habari kwamba kuna bastola nyumbani. Mkilazimika: fungua dirisha la faragha kwenye kivinjari, usikubali kuhifadhi neno la siri, hati zako zibaki kwenye flashi yako na sio kwenye "Downloads" ya mashine, na ukimaliza futa kilichopakuliwa, kisha umwage na kapu la takataka la kompyuta. Karatasi zilizochapishwa vibaya ondoka nazo. Skana nyingi huhifadhi nakala zenyewe, mwambie mwenye saiba azifute ukiwa umesimama hapo.

Anwani iandikeni wenyewe, ecitizen.go.ke, msibofye kiungo kilichotumwa WhatsApp hata kikiwa na nembo ya taifa. Angalieni mwisho wake ni go.ke na kinachofuata palepale ni alama ya mkwaju (/), si kitu kingine.

Na picha ya kadi au ya nambari msimtumie mtu "aangalie kama iko sawa". Nimeona hapa juu Fundi anasema piga picha: ni sawa, lakini iambatishwe kwenye ombi kisha ifutwe, na muangalie pia ile nakala inayopanda yenyewe kwenye hifadhi ya Google.

---

Fundi_Kaskazi:

Kweli hilo la nakala sikulitaja. Kata intaneti kwanza, piga picha, ipeleke kwenye flashi, futa kwenye simu na kwenye sehemu ya vilivyofutwa, ndipo uwashe.